Kijiji Hufa Lini?

Mwezi uliopita, nilipokuwa nikifundisha somo la ramani, kijana mmoja alinijia na vitabu viwili mkononi. Kimoja ni kitabu cha zamani, ambacho ndani yake Cowley yatajwa kuwa kijiji kilicho nje ya mji wa Oxford katika Uingereza. Cha pili ni kitabu kipya cha ramani, na humo Cowley imo ndani ya mji, imezungukwa na barabara pande zote. "Mwalimu," akasema, "kijiji hiki kilikwenda wapi? Maana jina lipo, lakini kijiji sikioni." Nikamjibu upesi, kama tufanyavyo walimu tukiwa na haraka, kwamba mji ulikua ukakimeza. Yeye aliridhika, akaenda zake, mimi sikuridhika. Kumeza ni neno gani? Chatu akimmeza mbuzi, mbuzi hufa. Lakini samaki alimmeza Yona, naye Yona hakufa.

Basi nikatafuta habari za mahali pale jioni baada ya jioni, nikaona kwamba si kijiji kimoja bali viwili vilivyo jirani, Cowley na Iffley. Vyote viwili vilimezwa na mji ule ule, karibu wakati mmoja, walakini mambo yaliyovipata hayakuwa sawa hata kidogo. Nataka kuwaeleza wasomaji habari zao, kisha tuulizane pamoja ni kipi kilichokufa.

Mji wa Oxford si mgeni kwetu. Ni mmoja wa miji ya vyuo vikuu ambayo watu wake walijiunga katika misheni ya UMCA. Chauncy Maples na William Percival Johnson, waliotoka Uingereza mwaka 1876 na kufanya kazi yao kubwa katika nchi za Ziwa Nyasa, walisoma wote wawili katika University College, mle mle Oxford. Wanafunzi wa mji ule wana desturi ya kushindana kwa makasia katika mto Thames, na mashindano hayo huanza karibu na Iffley. Kwa hiyo si ajabu kama kijiji hiki nitakachokieleza kilijulikana sana na watu waliotuletea Habari Njema.

Iffley iko ukingoni mwa mto, mwendo wa maili mbili tu toka katikati ya Oxford. Kanisa lake la Mtakatifu Maria lilijengwa kwa mawe katika karne ya 12, yapata mwaka 1170. Mlango wake wa magharibi umechongwa nakshi safu juu ya safu, na miongoni mwa nakshi hizo mna vichwa vya ndege wenye midomo mirefu. Mwaka 1232 mwanamke mmoja mjane, jina lake Annora, alijifungia katika chumba kidogo kilichoshikamana na kanisa hilo, akakaa humo miaka tisa hivi katika sala. Mtoni palikuwa na kinu cha maji kilichosaga nafaka za watu karne nyingi, mpaka kilipoteketea kwa moto mwaka 1908.

Cowley haikuwa na uzuri wa namna hiyo. Ilikuwa vitongoji vichache vilivyokaa karibu karibu: Church Cowley penye kanisa la Mtakatifu Yakobo, Temple Cowley, na baina yao Hockmore Street. Hilo neno Temple latokana na Watempla, wale askari watawa wa vita vya msalaba, ambao Malkia Matilda aliwapa ardhi hapo mwaka 1139. Tena katika Cowley, mwaka 1866, padre wa mtaa aitwaye Richard Meux Benson alianzisha shirika la watawa ambao baadaye walikwenda kuhudumu Bara Hindi na Afrika ya Kusini. Watu wengi wa huko waliwaita kwa jina moja tu, Mapadre wa Cowley. Mtu asiseme, basi, kwamba kijiji kisicho na nakshi hakina cha kutoa.

Kabla sijafika kwa mji wenyewe, nataka kusema neno moja ambalo wenye kuvililia vijiji vya kale hulisahau. Zamani wakulima wa vijiji hivi walilima katika mashamba makubwa yasiyo na ua, kila mmoja akiwa na vipande vyake, na wanyama walilishwa katika malisho ya watu wote. Katika karne ya 19 mashamba haya yaligawanywa yakatiwa ua kwa amri ya sheria, kama ilivyofanyika karibu Uingereza yote. Mwenye hati nzuri alipata shamba lake mahali pamoja, akalima kwa faida kubwa. Lakini maskini, ambaye haki yake ilikuwa ni kulisha ng'ombe mmoja na kuokota kuni, mara nyingi alipata kipande kisichofaa, au hakupata kitu. Nyumba hazikubomolewa, kanisa halikuguswa. Mchoraji angaliweza kuketi na kuchora picha ile ile aliyoichora baba yake. Hata hivyo jambo kubwa lilikuwa limekwisha kuondoka.

Sasa nije kwa mtu aliyeigeuza Cowley. Jina lake William Morris. Alizaliwa Worcester mwaka 1877, akaletwa Oxford angali mtoto, akasoma katika shule ya kijiji pale pale Cowley. Nawaomba wasomaji walishike hilo. Kijiji hakikugeuzwa na mgeni aliyetoka mbali, kiligeuzwa na mtoto wa shule yake. Alianza kutengeneza baisikeli nyumbani kwa wazazi wake kwa mtaji wa pauni 4. Kisha akaingia katika kazi ya pikipiki na motakaa, na mwaka 1913 akatoa motakaa yake ya kwanza. Kiwanda chake alikiweka Temple Cowley, katika jengo lililokuwa kwanza shule, kisha chuo cha kijeshi. Mwaka 1926 kikajengwa kando yake kiwanda kingine cha kukandamiza mabati ya miili ya motakaa. Hata huku kwetu wako wazee wanaoikumbuka Morris Minor, ambayo ilianza kutengenezwa Cowley mwaka 1948.

Kazi ilipokuwapo, watu walikuja. Miaka ya 1920 na 1930 machimbo ya makaa ya mawe katika nchi ya Wales yalikuwa yakifungwa, na watoto walikuwa wakilala na njaa. Watu wa Wales wakaja Cowley kwa maelfu, na miongoni mwao wako waliokuja kwa miguu. Baada ya Vita Kuu ya Pili wakaja wengine, watu wa visiwa vya Karibi na watu wa Pakistani. Wakati kazi ilipositawi sana, viwanda vile viliajiri watu zaidi ya 20,000. Mashamba ya ngano yakawa mitaa ya nyumba. Mwishoni mwa miaka ya 1920 mipaka ya mji wa Oxford ilisogezwa mbele, na Cowley na Iffley zikatiwa ndani. Katika miaka ya 1960 nyumba za kale za Hockmore Street zilibomolewa kabisa ili kupata nafasi ya maduka mapya, na maduka hayo yalikuja kuitwa Templars Square, yaani Uwanja wa Watempla. Hivyo jina la askari wa msalaba lilisalia mahali pa kununulia sabuni na viatu.

Iffley ilipata bahati nyingine. Watu walipoona jinsi Cowley ilivyogeuka, waliilinda Iffley. Likawekwa agizo la kuihifadhi, kwamba nyumba zake zisibomolewe wala kubadilishwa ovyo. Ukienda leo wauona ule mlango wa nakshi, na njia nyembamba yenye kuta za mawe, na nyumba iliyoezekwa kwa mabua, ambayo kwanza ilikuwa ghala, kisha katika karne ya 19 ikafanywa shule. (Hapa sikuweza kujizuia kucheka. Kwetu mwalimu akipata mshahara, jambo la kwanza ni kung'oa nyasi na kutia bati. Kule Uingereza nyumba ya paa la mabua siku hizi ni dalili ya kwamba mwenyewe ana fedha nyingi.)

Lakini nyumba zikiwa chache, na nzuri, na karibu na mji wenye vyuo, bei yake hupanda. Haikuhitajika sheria yo yote ya kumfukuza mfanyakazi wa shamba, wala mvuvi, wala mshonaji viatu. Mzee alipofariki, nyumba iliuzwa. Na aliyeweza kuinunua hakuwa mwana wa fundi wa mtaa ule. Leo Iffley ni mahali pa gharama, na mshahara wa mtu wa kawaida hautoshi kununua nyumba hapo.

Basi, ndugu msomaji, twapaswa kuamua. Cowley ilipoteza sura yake. Mashamba yamekwenda, kitongoji kizima kimebomolewa. Ila mtu maskini aliyefika na mikono mitupu alipata pale kazi, na nyumba, na shule ya watoto wake. Iffley ilitunza sura yake, jiwe juu ya jiwe, lakini mtu yule maskini hana mahali pake tena. Kipi kilichokufa?

Najua watakaosema kwamba nimekwisha kupima mizani kwa kidole. Watasema: Uzuri nao ni chakula. Mtu haishi kwa mkate tu, nawe mwalimu Mkristo wajua maneno hayo yametoka wapi. Nakiri kwamba wasema kweli. Kama kanisa la Iffley lingalibomolewa ili kuegesha motakaa, dunia ingalipoteza kitu ambacho viwanda vyote vya Cowley visingeweza kukitengeneza. Tena kanisa lile si kaburi. Watu husali humo hata leo, na mwaka 1995 liliwekwa dirisha jipya la vioo vya rangi, kazi ya mchoraji John Piper, ambamo wanyama na ndege, jogoo na bundi na mwana-kondoo na wenzao, watangaza kuzaliwa kwa Kristo. Kanisa lililopokea dirisha jipya baada ya miaka 800 haliwezi kuitwa maiti. Hao walioilinda Iffley siwalaumu. Ninalouliza ni kama walilinda kitu chote, au ganda lake.

Wengine watanikumbusha shamba la mizabibu la Nabothi, nao watasema kwamba mji ni Ahabu, na kijiji ni Nabothi aliyekataa kuutoa urithi wa baba zake. Nimeifikiri hadithi hiyo mara nyingi, maana mtu yeyote aliyeona vigingi vya mpimaji vikichomekwa shambani kwake huikumbuka. Lakini katika Cowley haikai sawasawa. Ahabu alilitaka shamba kwa bustani ya mboga, hali jumba lake la kifalme lilikuwa limejaa. Je, kama nyuma ya Ahabu wangalisimama watoto elfu wa wachimba makaa, wenye njaa, Nabothi angaliwajibu nini? Nadhani hata hivyo Ahabu asingekuwa na haki ya kumwua, wala kumnyang'anya. Lakini nadhani pia kwamba Nabothi, kama alikuwa mcha Mungu kweli, asingelala usingizi usiku ule. Urithi wa baba zangu ni mali yangu mbele ya mfalme. Mbele ya mwenye njaa, sina hakika kama ni yangu yote.

Na katika Iffley hadithi hii ni ngumu zaidi. Eliya alimkuta Ahabu shambani, akamwambia neno la Bwana usoni pake. Bei ya nyumba je? Ni Ahabu asiye na uso. Hakuna aliyeapa uongo, hakuna aliyepigwa mawe. Kila aliyeuza aliuza kwa hiari, kila aliyenunua alilipa kwa haki, na pengine alikuwa mtu mwema aliyependa kengele za kanisa. Hata hivyo baada ya miaka 50 hakuna maskini mahali pale. Eliya amwendee nani? Hili ndilo lililonikosesha usingizi, kuliko matingatinga yote ya Cowley. Ubaya wenye kelele hupata wa kuukemea. Huu wa kimya kila mtu huuona kuwa ni hali ya dunia.

Lakini tusimfanye Morris mtakatifu kwa sababu hiyo. Ni kweli alitoa mali nyingi mno. Alipewa cheo akaitwa Lord Nuffield, naye alitoa fedha kwa mahospitali na kwa chuo kikuu. Toka mwaka 1938 alitengeneza katika kiwanda chake mashine za kuwasaidia kupumua wagonjwa waliopooza, akazigawa bure kwa mahospitali ya Uingereza na ya nchi nyingi zilizotawaliwa nayo. Hata hivyo katika viwanda vya Cowley mtu alikuwa akiitwa kazini msimu wa motakaa kuuzwa, na msimu ukipita akaambiwa aende nyumbani bila mshahara. Mwaka 1934 wafanyakazi wa kile kiwanda cha mabati waligoma, na wengi walioongoza walikuwa watu wale waliotoka Wales. Mkate ulikuwapo, lakini haukuja bila machozi.

Tena ngojeni mwone mwisho wake. Kiwanda kile kilichokula mashamba, ambacho watu walidhani kitasimama kama mlima, nacho kilikuja kumezwa. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 sehemu kubwa ya majengo ya Morris ilibomolewa, na mahali pake pakajengwa maofisi. Sehemu moja ilibaki, na toka mwaka 2001 hutengenezwa humo motakaa za Mini, kazi ya kampuni ya Wajerumani. Mtoto aliyezaliwa Cowley mwaka 1910 akaishi miaka 85 angaliona ngano, kisha kiwanda, kisha uwanja mtupu wenye vifusi, asihame mtaa wake. Kanisa la Mtakatifu Yakobo lilikuwapo katika mambo yote matatu.

Mimi kwa fikira zangu kijiji si mabua ya paa, wala si ng'ombe malishoni, ingawa navipenda vyote viwili. Kijiji ni mahali ambapo mtu akikosa kuonekana siku tatu kuna atakayebisha hodi. Ni mahali ambapo deni la jirani lajulikana, na msiba wake si siri. Kwa kipimo hiki yawezekana kijiji kufa na nyumba zake zote zimesimama, na yawezekana kijiji kuzaliwa katikati ya moshi. Wale watu wa Wales walipofika Cowley walikuwa wageni kwa kila mtu. Wenyeji waliwalalamikia kwamba wamekuja kuchukua kazi. Nao, wakiwa na njaa na ugeni, mwaka 1928 waliunda kwaya ya wanaume, wakaimba nyimbo za kwao. Mtu aliyekosa mazoezi ya kwaya aliulizwa alikuwa wapi. Hapo, kati ya viwanda viwili, palikuwa na kijiji, wala hakikuandikwa katika ramani yo yote.

Lakini kipimo hiki kina hatari, nami sipendi kuificha. Mtu tajiri aweza kukishika akatuambia: Kwa kuwa kijiji ni mioyo tu, hameni, mkaunde kijiji kwingine. Hapana. Mioyo nayo yataka mahali. Kwaya yataka chumba, na mzee ataka kuzikwa karibu na mkewe. Kwa hiyo mimi nisingependa mji uulizwe kwanza utazihifadhi nyumba ngapi za kale. Ningetaka uulizwe ni wangapi katika waliokuwapo wataweza kubaki, pamoja na watoto wao, na wangapi wanaokuja wataweza kuingia. Jambo hili halifanyiki kwa huruma tu. Lafanyika kwa baraza la mji kutenga ardhi na kujenga nyumba za kodi nafuu, na kutoziuza tena kwa atakayetoa bei kubwa. Labda huko ndiko aendako Eliya siku hizi, kwenye vikao vya baraza, vyenye hesabu nyingi na visivyompendeza nabii.

Na Oxford yenyewe ilijaribu. Katika miaka ya kabla na baada ya Vita Kuu ya Pili baraza la mji lilijenga nyumba za namna hiyo mahali paitwapo Rose Hill, katikati ya Iffley na Cowley. Na toka mwishoni mwa miaka ya 1950 likajenga Blackbird Leys, mtaa mkubwa zaidi, nje ya Cowley. Nyumba hizo hazina nakshi. Watalii hawaendi kuzipiga picha.

Juma lililopita nilimwita yule kijana nikamweleza haya yote, kwa kifupi kuliko nilivyoyaandika hapa. Alisikiliza, akauliza kama kengele ya Iffley ikipigwa watu wa Rose Hill huisikia. Nikampa kitabu cha ramani na kipande cha uzi, nikamwambia apime. Alinyosha uzi toka msalaba wa kanisa hadi katikati ya mitaa ya Rose Hill, akaulinganisha na kipimo cha chini ya ukurasa. Haikutimia hata maili moja. Akapima tena.